Huiguorou au Yuxiang Rousi: Uanze na Nyama Ipi ya Nguruwe ya Kisichuan Nyumbani?

Anayetaka kupika nyama ya nguruwe kwa namna ya Sichuan, jimbo la kusini-magharibi mwa China, hukutana mapema na majina mawili, huiguorou na yuxiang rousi. Vyote ni vyakula vya kila siku katika miji ya Chengdu na Chongqing, vyote hukaangwa karaini na kuliwa na wali, na vyote hupata rangi na ladha yake kutokana na pilipili iliyochachushwa. Kwa mtazamo wa mlaji, basi, ni vyakula vinavyokaribiana. Kwa mpishi wa nyumbani hali ni nyingine kabisa, kwa kuwa huiguorou humsubiri mpishi, ilhali yuxiang rousi haimsubiri hata kwa nusu dakika. Nimevipika vyote kwa miaka kadhaa, kwanza katika jiko la pamoja la bweni la wanafunzi mjini Chengdu na baadaye nyumbani Dar es Salaam, na nina msimamo kuhusu kipi kitangulie. Nitaueleza pamoja na sababu zake, ili msomaji ambaye jiko lake au soko lake si kama langu aweze kuamua vinginevyo.

Jina la huiguorou lina maana ya nyama iliyorudi chunguni. Pande zima la nyama yenye ngozi huchemshwa hadi kuiva, huachwa lipoe, hukatwa vipande vyembamba, kisha hurudishwa motoni na kukaangwa na viungo. Wenyeji husimulia kwamba asili yake ni nyama ya matambiko, ambayo iliwekwa mbele ya mizimu ya wazee ikiwa imechemshwa tu, na ibada ilipokwisha ikarudi jikoni ili iweze kulika kwa furaha. Zamani familia nyingi zisizo na uwezo zilikula nyama kwa siku maalumu, hasa tarehe 1 na 15 ya mwezi mwandamo, na huiguorou ilikuwa chakula cha siku hizo. Ndiyo maana hadi leo Wasichuan wengi hukitaja mbele ya vyakula vyao vingine vyote.

Yuxiang rousi maana yake ni nyuzi za nyama zenye harufu ya samaki, na jina hilo limewapotosha wengi, kwani hamna samaki ndani yake. Harufu inayotajwa ni ya viungo ambavyo Wasichuan huvitumia kupikia samaki, yaani pilipili zilizochachushwa, tangawizi, kitunguu saumu, majani ya kitunguu, sukari na siki. Yapo pia mazoea ya kutia samaki wadogo wa maji baridi ndani ya mtungi wa pilipili ili wachachuke pamoja nazo, na pilipili za mtungi wa namna hiyo huthaminiwa sana kwa mapishi haya.

Kabla ya kwenda mbali, yafaa kuondoa dhana moja. Wengi huamini kwamba chakula chochote cha Sichuan kinatia ganzi mdomoni, kwa sababu wamesikia habari za huajiao, yale maganda makavu ya tunda dogo yenye harufu ya limau yanayofanya ulimi usisimke. Huajiao haitawali chakula chochote kati ya hivi viwili. Katika huiguorou punje chache hutiwa kwenye maji ya kuchemshia na hubaki humo humo. Katika yuxiang rousi haitiwi kabisa. Wapishi wa Sichuan kwa desturi huhesabu ladha 24 za msingi, na kila moja ina jina na kanuni yake. Huiguorou iko katika ladha ya nyumbani, ambayo ni ya chumvi, ukali wa wastani na utamu wa mbali; yuxiang rousi ina ladha inayoitwa kwa jina lake yenyewe, ambamo chumvi, sukari, siki na pilipili husikika kwa pamoja bila kimoja kumeza kingine. Anayetafuta ganzi atafute doufu ya mapo, yaani jibini ya soya katika mchuzi mkali wenye huajiao.

Kinachoamua ni kabati lako

Huiguorou inasimama au kuanguka kwa doubanjiang. Hii ni rojo ya pilipili na maharagwe mapana, yale ambayo Waarabu huyaita ful, yaliyochachushwa kwa chumvi na unga wa ngano. Iliyo maarufu kuliko zote hutoka Pixian, wilaya iliyo pembezoni mwa Chengdu ambayo sasa huitwa Pidu, na ufundi wa kuitengeneza uliingizwa mwaka 2008 katika orodha ya taifa ya China ya urithi wa utamaduni usioshikika. Mitungi mikubwa huachwa wazi juani mchana, hupata umande usiku, hufunikwa mvua inaponyesha, na rojo hugeuzwa mara kwa mara kwa miezi mingi, wakati mwingine kwa miaka. Rojo changa ni nyekundu angavu, na iliyokomaa ni ya hudhurungi iliyokolea na ina harufu nzito inayokaribia ile ya nyama iliyokaushwa.

Unaponunua, tafuta kwenye pakiti herufi hizi nne, 郫县豆瓣, kisha soma orodha ya vilivyomo. Pilipili, maharagwe mapana, chumvi na unga wa ngano ndivyo vinavyotakiwa kuwa mwanzo wa orodha na karibu mwisho wake. Rojo laini zenye sukari, kitunguu saumu na mafuta, ambazo huuzwa kwa jina lilelile, ni za aina nyingine. Zina kazi zake, lakini hazitatoa ladha tunayoizungumzia. Nyumbani niliwahi kujaribu kuziba pengo kwa nyanya ya kopo iliyochanganywa na pilipili ya unga na chumvi. Rangi ilipatikana, ladha haikupatikana, kwa kuwa ladha hiyo ni kazi ya uchachu wa muda mrefu na haighushiki kwa mkato. Ninasema hili bila kusita: asiyeweza kupata doubanjiang asipike huiguorou, apike yuxiang rousi.

Sababu ni kwamba yuxiang rousi, ingawa ni ngumu zaidi mkononi, ni rahisi zaidi sokoni. Sukari, siki, tangawizi, kitunguu saumu, majani ya kitunguu, sosi ya soya na wanga wa mahindi hupatikana karibu kila mahali. Kinachokosekana ni pilipili zilizochachushwa, na hizo unaweza kuzitengeneza mwenyewe. Chukua pilipili nyekundu ndefu zisizo kali sana, zioshe, zianike hadi zikauke maji kabisa, kisha zizamishe katika maji yaliyochemshwa na kupoa, yenye gramu 70 hivi za chumvi kwa kila lita moja, pamoja na vipande vichache vya tangawizi. Pilipili mbuzi haifai hapa, kwani ukali wake utafunika siki na sukari. Wasichuan hutumia mtungi wenye mfereji mdomoni. Mfereji hujazwa maji na kifuniko hukaa ndani yake, hivyo hewa ya ndani hutoka kwa viputo lakini ya nje haiingii. Chupa ya kawaida ya kioo yatosha, ilimradi pilipili zisielee juu ya maji na kifuniko kilegezwe kidogo kila siku katika wiki ya kwanza. Katika joto la pwani mimi huanza kuzitumia baada ya siku 10 hadi 14. Kwenye baridi ya milimani zingoje wiki tatu au nne. Zikiwa tayari huwa na uchachu safi, na ukizitafuna bado zinakwaruza kidogo menoni. Zikitoa harufu ya uozo au zikiota ukungu wa rangi, zitupwe.

Msomaji wa pwani ataniuliza kama achari ya pilipili haitoshi. Haitoshi, maana uchachu wa achari unatoka kwenye ndimu au siki, na mara nyingi ina manjano na mafuta. Ukiitia humo utapata chakula kizuri lakini cha kwetu.

Lipo jambo la afya ambalo ningependa lisomwe kwa makini. Watu wenye upungufu wa kimeng'enya cha G6PD, hali iliyo ya kawaida katika nchi zilizoishi na malaria kwa vizazi vingi, zikiwemo za Afrika Mashariki na za Ghuba, hushauriwa kuepuka maharagwe mapana kwa sababu yanaweza kuvunja chembe nyekundu za damu zao. Doubanjiang hutengenezwa kwa maharagwe hayohayo. Kama nyumbani mwako yuko mtu mwenye hali hiyo, chaguo limekwisha kufanyika: yuxiang rousi inayopikwa kwa pilipili za mtungi tu, bila ile doubanjiang ambayo baadhi ya wapishi huiongeza.

Nyama na kisu

Kwa huiguorou, mwambie muuza nyama akupe sehemu ya juu ya paja la nyuma, yenye ngozi na mafuta yaliyoshikamana na mnofu, kiasi cha sehemu sita za mnofu kwa nne za mafuta. Nyama ya tumbo yafaa pia, ingawa ina mafuta zaidi. Usikubali kutolewa ngozi, kwa sababu ngozi ndiyo inayofanya kipande kijikunje. Pande la gramu 400 au 500 huchemshwa polepole kwa dakika 25 hadi 30 pamoja na tangawizi, majani ya kitunguu na punje chache za huajiao, hadi kijiti kipenye mpaka katikati na maji yanayotoka yasiwe na wekundu. Maji hayo ni mchuzi, usiyamwage. Wasichuan huyapikia figili nyeupe, na mezani hukaa supu laini pembeni ya nyama kali.

Kosa langu la kwanza lilikuwa kukata pande likiwa bado la moto. Mafuta yaliteleza, ngozi ikaachana na mnofu, na nikabaki na rundo la vipande vinene upande mmoja na vilivyochanika upande mwingine. Mama mmoja aliyekuwa akipika kwenye jiko la jirani alikitoa kisu mkononi mwangu, akaliviringisha pande lililobaki katika mfuko na kulitia kwenye friji, akaniambia niende nikasome nusu saa. Niliporudi lilikuwa gumu kama sabuni ya mche, na kisu kilipita kikitoa vipande vya milimita tatu, kila kimoja na mkanda wake wa ngozi, mafuta na mnofu.

Kwa yuxiang rousi unahitaji mnofu, hasa sarara, yenye mafuta kidogo sana. Hukatwa nyuzi za urefu wa sentimita nane hadi kumi na unene wa milimita tatu, na hapa hakuna mkato wa kukwepa kazi, kwani zikipishana unene nyembamba zitakauka kabla nene hazijaiva. Nyama ikiwa imeganda nusu hukatika vizuri zaidi. Kwa gramu 300, tia robo kijiko cha chai cha chumvi, kijiko cha chai cha divai ya kupikia kama unayo, vijiko vikubwa viwili vya maji, na kijiko kikubwa cha wanga wa mahindi, kisha ikande kwa mkono hadi maji yote yanyweke na nyuzi ziteleze kati ya vidole. Mboga zake ni uyoga mweusi mkavu ulioloweshwa, ule unaofanana na sikio, pamoja na bua la wosun, aina ya saladi inayolimwa kwa ajili ya shina lake. Pasipo wosun mimi hutumia shina la brokoli lililomenywa, ambalo lina ugumu unaokaribiana nalo. Machipukizi ya mianzi pia ni sahihi. Karoti na pilipili hoho hutumika sana nje ya Sichuan, nami sizipendi humu kwa sababu utamu wake unavuruga hesabu ya sukari.

Mboga ya huiguorou ni moja, suanmiao, yaani mche mchanga wa kitunguu saumu, majani na shina lake. Chomeka punje za kitunguu saumu kwenye beseni la udongo na utakuwa na majani ya kutosha baada ya wiki tano au sita. Liki iliyokatwa mshazari ni mbadala mzuri, na wako Wasichuan wengi wanaotia pilipili mbichi za kijani au kabichi bila mtu kuwalaumu.

Moto

Hapa ndipo vyakula hivi vinapoachana. Huiguorou haitaki moto mkali. Tia kijiko kimoja cha mafuta karaini, panga vipande, na ukae navyo juu ya moto wa wastani. Mafuta ya nyama yatayeyuka taratibu, ngozi itasinyaa kwa kasi kuliko mnofu, kingo zitainuka na katikati patabonyea, hadi kila kipande kiwe kama kisahani kidogo kilichoshika tone la mafuta. Wachina huliita umbo hilo kisahani cha taa, kwa kulifananisha na taa za zamani za utambi na mafuta. Ukiliona, sogeza nyama pembeni, punguza moto, na utie kijiko kikubwa kimoja na nusu cha doubanjiang iliyokatwakatwa. Ikaange hadi mafuta yawe mekundu na harufu ya ubichi iishe, kisha kijiko cha chai cha rojo tamu ya ngano, kingine cha soya nyeusi zilizochachushwa, nusu kijiko cha sukari, changanya, tia mashina ya suanmiao na mwisho majani. Chumvi haiongezwi kabisa. Ukichelewa dakika moja katika hatua yoyote, isipokuwa ile ya doubanjiang, hakuna kinachoharibika, na jiko dogo la gesi la nyumbani latosha kabisa.

Yuxiang rousi hupikwa kwa dakika mbili hivi tangu nyama iguse karai hadi iingie sahanini, na huko Sichuan hupikwa karai moja bila kuepua nyama wala kubadili mafuta. Kabla ya kuwasha moto, kila kitu kiwe kimekatwa na mchuzi umeshachanganywa katika bakuli: kijiko kikubwa cha sukari, kijiko kikubwa cha siki nyeusi, vijiko viwili vya chai vya sosi ya soya, kijiko cha chai cha wanga na vijiko vikubwa viwili vya maji. Siki nyeupe ni kali zaidi, basi ipunguze kwa theluthi. Karai litoe moshi, mafuta yaingie, nyuzi zitawanywe; zikigeuka rangi na kuachana, zisogezwe, na pilipili za mtungi zilizosagwa, vijiko vikubwa viwili, ziingie kwenye mafuta pamoja na tangawizi na kitunguu saumu. Mboga zifuate, mchuzi ukorogwe tena kwa kuwa wanga hutuama, umiminwe, ugeuzwe mara tatu, majani ya kitunguu yaingie, na karai liepuliwe. Chakula kilichofanikiwa huonyesha uzi mwembamba wa mafuta mekundu ukingoni mwa sahani, bila dimbwi la mchuzi.

Jiko dhaifu huharibu mpangilio huo. Nyama hutoa maji badala ya kukaangika, wanga huvimba na kugandamana, na unachopata ni rojo ya nyama. Dawa niliyoiona ikifaa ni kupika nusu ya kiasi kwa kila mkupuo, yaani gramu 150, hata kama watu mezani ni wanne na itabidi urudie. Anayepika kwa mkaa ana nafasi nzuri kuliko anavyodhani, maana karai jepesi juu ya makaa yaliyopepewa hupata joto ambalo majiko mengi ya gesi ya nyumbani hayalifikii.

Kuhusu usalama wa nyama yenyewe, wote wanaonunua nguruwe mahali ambapo ukaguzi wake hawauamini wana sababu ya kupendelea huiguorou, kwa kuwa pande limechemshwa hadi ndani na linaweza kukaguliwa kabla ya kukaangwa. Nyuzi za yuxiang rousi ni nyembamba na huiva haraka, lakini iliyogandamana na wenzake katika moto hafifu inaweza kubaki na wekundu katikati, na minyoo ya tegu si jambo la kubahatisha.

Mezani na siku ya pili

Huiguorou ina chumvi nyingi na mafuta, nayo imeundwa kwa ajili ya wali mweupe mtupu uliopikwa bila chumvi wala mafuta, kama wapikavyo Wachina. Kwetu wali hutiwa vyote viwili, na hapo mlaji hulalamika kwamba nyama imezidi chumvi wakati tatizo liko chunguni kwingine. Yuxiang rousi ni pole zaidi kwa watoto na kwa wasiopenda mafuta. Wageni wakiwa wamechelewa, huiguorou inaweza kusubiri ikiwa imechemshwa na kukatwa tangu jana yake, na mabaki yake hupata ladha zaidi yakipashwa. Mabaki ya yuxiang rousi huachia maji, na sijapata namna ya kuyarudisha.

Kwa wasiokula nguruwe, ladha ya yuxiang ndiyo inayohama kwa urahisi: viungo vilevile juu ya biringanya zilizokaangwa ni chakula mashuhuri Sichuan kwa haki yake chenyewe, na hakiombi nyama.

Aliye na doubanjiang halisi na jiko la kawaida, basi, aanze na huiguorou, akiipika mara tatu au nne hadi macho yake yazoee umbo la kile kisahani cha taa na pua yake itambue pale doubanjiang inapoiva. Siku hiyohiyo ya kwanza, nyama ikiwa inapoa kwenye friji, aoshe pilipili zake na kuzitia kwenye chupa ya maji ya chumvi. Zitakapokuwa tayari, mkono wake utakuwa umelizoea karai.